Fusheni ya mgongo Kampala: tathmini ya huduma ya kliniki moja, kuanzia chumba cha daktari hadi dirisha la malipo

Tathmini hii inahusu huduma ya upasuaji wa mgongo katika kliniki moja binafsi ya Kampala. Sitaitaja kwa jina, kwa kuwa pamoja na sifa nyingi ninazoipa ninayo pia malalamiko mazito kuhusu makaratasi yake, na nia yangu si kuichafulia jina bali kumsaidia mtu aliyeandikiwa upasuaji wa namna hii aingie katika kliniki yoyote akijua la kuuliza. Mgonjwa alikuwa shangazi yangu, mfanyabiashara wa vitenge mjini Arua, mama aliyekwisha kupita miaka 60, na upasuaji aliofanyiwa ni ule ambao barua za rufaa huutaja kwa neno moja tu, fusheni, kana kwamba neno hilo linajieleza lenyewe. Halijielezi: maana yake ni kuzifanya pingili mbili au zaidi za mgongo ziote na kuwa mfupa mmoja. Kwa maoni yangu nusu ya ubora wa huduma hii ilikuwa katika namna daktari alivyolifafanua, na karibu udhaifu wake wote ulikuwa katika namna ofisi ilivyoliandika.

Shangazi alikuwa hawezi tena kutoka dukani kwake hadi stendi ya mabasi bila kusimama njiani, kwa sababu miguu yote miwili ilikuwa ikiingia ganzi na kuwaka moto kuanzia makalioni kushuka chini. Akiketi, au akiinama juu ya meza ya vitenge kupima nguo, maumivu yalipoa. Nyumbani wengine walisema ni mzunguko wa damu, wengine wakasema ni umri, na maduka ya dawa yakamuuzia diklofenaki mpaka tumbo likaanza kumsumbua. Hatimaye picha ya MRI ilionyesha kwamba pingili ya nne ya kiuno ilikuwa imeteleza mbele juu ya ile ya tano, na kwamba njia wanayopitia mishipa ya fahamu ilikuwa imebanwa mahali hapo. Kuteleza kwa aina hii kunakoletwa na kuchakaa kwa viungo hutokea zaidi katika pingili hizo hizo mbili, na huwapata wanawake waliopita miaka 50 kuliko wanaume. Tulipewa rufaa yenye mstari mmoja: anahitaji fusheni.

Kabla hatujafika Kampala, mstari huo ulikuwa umekwisha kupata tafsiri nyingi katika ukoo. Binamu mmoja aliamini kwamba mfupa mbovu utatolewa na chuma kiwekwe mahali pake. Mwingine alisikia kwamba diski iliyotoka itarudishwa ndani. Shangazi mwenyewe, aliposikia kwamba mgongo wake utaunganishwa, aliuliza kwa hofu kama basi mgongo ulikuwa umekatika. Hakuna hata mojawapo kati ya hayo ambalo ni kweli, na kama kliniki ingemlaza tu na kumsainisha fomu, angeingia chumba cha upasuaji akiwa na picha isiyo sahihi ya kitu atakachofanyiwa.

Hapa ndipo ninapoipa kliniki hii alama za juu kabisa. Daktari wa upasuaji, ambaye ni mtu wa Ankole, alimuuliza shangazi, ambaye ni Mlugbara, ni lugha gani itakayowatosha wote wawili, na Kiswahili ndicho kilichowakutanisha. Aliweka mezani mfano wa mgongo uliotengenezwa kwa plastiki, akamwambia, "Mama, kabla hujaniambia ndiyo au hapana, ujue kwanza kitakachobadilika mwilini mwako." Alimhesabia pingili: 7 za shingo, 12 za kifua, 5 za kiuno, kisha 5 za chini zilizoungana kati ya mifupa ya nyonga, na 4 za kifandugu, jumla 33 kwa mtoto anapozaliwa. Akakiweka kidole cha shangazi juu ya zile 5 zilizoungana, akamwonyesha kwamba kwa mtoto huwa zimeachana, na kwamba mtu anapokua huota pamoja na kuwa mfupa mmoja. "Kuota pamoja huko ndiko fusheni," alisema. "Mwili wako uliwahi kuifanya peke yake. Mimi nitauomba uifanye mahali pengine pamoja."

Sijasikia ufafanuzi ulio bora kuliko huo, kwa sababu unaweka uzito pale unapostahili kuwa. Fusheni ni jina la matokeo: pingili mbili au zaidi kuota na kuwa mfupa mmoja, ili kiungo kilichokuwa kati yake kisicheze tena. Skrubu na fito za titani, ambazo ndizo watu huziona kwenye eksirei na kuzionyeshana kwenye simu, si fusheni. Kazi yake ni ile ya mbao ambazo fundi hufungia zege: zinalishika umbo mpaka zege lenyewe ligande, na zege lisipoganda mbao hazitaibeba nyumba. Ndiyo maana daktari alisema wazi kwamba mfupa usipoota, hali ambayo nayo ina jina lake la kitaalamu, skrubu huweza kulegea au fito kukatika baadaye, hata kama siku ya upasuaji kila kitu kilikaa sawasawa.

Mfupa wa kupandikiza hutoka wapi, lilikuwa swali la pili la shangazi. Aliambiwa kwamba vipande vya mfupa vitakavyoondolewa ili kuipanua njia ya mishipa ya fahamu havitatupwa, bali vitasagwa na kurudishwa kati ya pingili, na kwamba visipotosha kitachukuliwa kidogo kutoka ukingo wa nyonga yake. Diski ya mahali hapo itaondolewa, na kwenye nafasi yake patawekwa kizimba kidogo kinachojazwa mfupa huo. Kisha akauliza lililokuwa likimkera kuliko yote, yaani kama ataweza kuinama tena kuokota kitenge kilichoanguka. Daktari alimjibu kwamba sehemu kubwa ya kuinama kwa binadamu hutoka kwenye nyonga, na kwamba kiungo kimoja cha kiuno kikigandishwa mtu hupungukiwa kidogo tu. Wanaohisi tofauti kubwa ni wale wanaogandishiwa pingili nyingi, kama watoto wanaonyooshwa mgongo uliopinda.

Kabla ya kuamua, kliniki ilimpiga eksirei akiwa amesimama wima, kisha akiwa ameinama mbele, kisha akiwa amejipinda nyuma. Wengi huiona hatua hii kama gharama ya ziada, lakini MRI hupigwa mtu akiwa amelala, na pingili inayoyumba inaweza kutulia kabisa mtu akilala. Kwenye picha hizo tuliona kwa macho yetu kwamba alipoinama, pingili ya nne ilisogea mbele zaidi kuliko aliposimama. Mtoa huduma anayependekeza fusheni kwa sababu ya kuyumba bila kuwa na picha za kuonyesha huko kuyumba anastahili kuulizwa kwa nini.

Nilimuuliza daktari swali ambalo naona kila familia inapaswa kuliuliza: je, haitoshi kuondoa mbano tu, bila kugandisha? Swali hili si la mtu bishi. Mwaka 2016 jarida la New England Journal of Medicine lilichapisha tafiti mbili kuhusu jambo hilo hilo. Ule wa Sweden, wenye wagonjwa 247, haukuona faida ya kuongeza fusheni juu ya kuondoa mbano, hata kwa wale ambao pingili ilikuwa imeteleza, ilhali upasuaji ulichukua muda mrefu zaidi na gharama zilikuwa kubwa zaidi. Ule wa Marekani, wenye wagonjwa 66, uliona nafuu ndogo ya afya ya mwili kwa waliofanyiwa fusheni, na wachache zaidi kati yao walirudi kufanyiwa upasuaji mwingine, asilimia 14 ikilinganishwa na asilimia 34 ya walioondolewa mbano tu. Mwaka 2021 watafiti wa Norway, wakiwa na wagonjwa 267, walikuta tena kwamba kuondoa mbano peke yake hakukuwa duni. Daktari alizijua tafiti hizo, hakukasirika kuulizwa, na alieleza kwamba utafiti wa Marekani uliwahusu watu ambao pingili iliyoteleza haikuwa ikicheza. Ya shangazi ilikuwa inacheza, na maumivu ya kiuno chenyewe yalikuwa makali sawa na yale ya miguu. Ndiyo sababu alipendekeza yote mawili yafanywe. Aliongeza kwamba kama picha za kuinama zingeonyesha utulivu, angependekeza upasuaji mdogo na wa bei nafuu zaidi. Kwa kuwa vyuma vya fusheni ndivyo vinavyoipandisha bei, kliniki inayoweza kutamka maneno hayo mbele ya mgonjwa imenipa sababu ya kuiamini.

Jambo jingine ambalo daktari alilieleza vizuri, na ambalo linatuhusu sana sisi wa nchi hii, ni kwamba upasuaji huu haukuanza kwa ajili ya wazee wenye maumivu ya kiuno. Mwaka 1911, New York, madaktari wawili, Russell Hibbs na Fred Albee, kila mmoja kwa njia yake, walizigandisha pingili za wagonjwa wa kifua kikuu cha mgongo ili kibiongo kisiendelee kukua. Albee alitumia kipande cha mfupa kilichotolewa kwenye muundi wa mgonjwa mwenyewe. Hawakutegemea skrubu wala fito. Fito za Paul Harrington wa Houston, alizozibuni kwa ajili ya watoto waliopinda mgongo kutokana na polio, zilikuja miaka mingi baadaye, na taarifa yake kuu aliichapisha mwaka 1962. Kifua kikuu cha mgongo bado kinawapata watu wa Uganda, lakini leo dawa za kifua kikuu ndizo tiba ya kwanza, na fusheni hubaki kwa wale ambao mgongo unaporomoka au miguu inapoteza nguvu. Kwa hiyo mtu mwenye jipu la kifua kikuu kwenye pingili akiandikiwa fusheni kabla hata ya kuanzishiwa dawa, na miguu yake ina nguvu, anayo haki ya kutaka maoni ya daktari mwingine.

Sasa nije kwenye makaratasi. Barua ya rufaa ilisema fusheni. Fomu ya ridhaa ikasema spondilodesisi. Makadirio ya gharama yaliyopelekwa kwa kampuni ya bima ya binti yake yakasema athrodesisi, na chini yake mstari mwingine ukasema instrumentesheni, na chini yake tena herufi TLIF, kila mstari na bei yake. Kampuni ya bima ilirudisha barua kuuliza ni kwa nini mgonjwa mmoja wa mgongo anafanyiwa upasuaji wa kiungo na upasuaji mwingine juu yake. Idhini ya malipo ikachelewa, na tarehe ya upasuaji ikasogezwa mbele huku shangazi akiwa amelala kwa jamaa huko Kibuli, mbali na duka lake. Dada wa dirisha la malipo alikuwa mpole na mwenye subira, lakini alichoweza kutuambia ni kwamba ndivyo kompyuta inavyoandika.

Yote hayo yalikuwa jambo moja. Spondilodesisi imetokana na maneno mawili ya Kigiriki, moja la pingili na jingine la kufunga, na ndilo neno la kawaida kwa madaktari wa Ujerumani na Uholanzi. Maana yake ni fusheni ya pingili, basi. Athrodesisi ni neno pana zaidi, la kugandisha kiungo chochote, kiwe cha kifundo cha mguu, cha kiganja au cha mgongo, na limeingia kwenye ankara zetu kwa sababu orodha ya Marekani ya misimbo ya huduma za kitabibu, ambayo programu nyingi za malipo huifuata, inatumia neno hilo hata kwa mgongo. Instrumentesheni ni kuweka vyuma, jambo linaloweza kufanywa pamoja na fusheni au bila fusheni, kwa hiyo ni halali kuwa na mstari wake. TLIF ni njia tu ya kuifikia diski, kutoka nyuma kwa kupitia ubavuni mwa mfereji wa mishipa ya fahamu. Zipo njia nyingine za kupitia tumboni au katikati ya mgongo, na lengo la zote ni lile lile. Maelezo haya nilipewa na daktari kwa muda mfupi sana. Hakuna sababu yoyote ya kliniki kutoyachapa kwenye ukurasa mmoja na kuubandika kwenye makadirio yake.

Fomu ya ridhaa nayo ilikuwa ya Kiingereza tupu. Baraza la Mawaziri liliidhinisha Kiswahili kuwa lugha rasmi mwezi Julai 2022, na katika kliniki inayopokea watu wa West Nile, Wakongo wa kutoka Bunia na wafanyabiashara wa Sudan Kusini, fomu ya Kiswahili si anasa. Daktari alimtafsiria shangazi mstari kwa mstari, jambo ninalomshukuru, lakini saini ilibaki chini ya maandishi asiyoweza kuyasoma. Ninapendekeza sentensi hii, ambayo kliniki inaweza kuichukua bure: "Ninakubali kwamba pingili ya nne na ya tano za kiuno changu zifanywe mfupa mmoja kwa kupandikizwa mfupa, zikishikiliwa na skrubu na fito, ninaelewa kwamba mfupa utachukua miezi kadhaa kuota, na kwamba kuna uwezekano usiote."

Kuhusu upasuaji na wodi sina mengi ya kusema kwa kuwa mambo yalikwenda vizuri. Mtaalamu wa nusu kaputi alikuja jioni ya kuamkia siku hiyo kumhoji kuhusu presha na dawa zake. Chumba kilikuwa safi, wauguzi waliitika walipoitwa, na kesho yake mtaalamu wa fiziotherapia alimfundisha kutoka kitandani kwa kugeuza mabega na nyonga kwa pamoja, bila kuukunja mwili katikati, kisha akamsimamisha na kumtembeza hadi dirishani. Maumivu ya miguu yalikuwa yamepungua waziwazi. Ya kiuno yalikuwepo, na aliambiwa yatakuwepo.

Mafunzo ya kurudi nyumbani yalikuwa ya kina kuliko nilivyotarajia. Asiiname, asibebe kitu kizito, asijigeuze kiuno; marobota ya vitenge yabebwe na wengine mpaka atakapoambiwa. Diklofenaki na jamii yake asitumie bila kumuuliza daktari, kwa kuwa dawa hizo zinashukiwa kuchelewesha kuota kwa mfupa, na tahadhari hii ni ya maana sana mahali ambapo kila duka la dawa huzitoa bila kuuliza. Waliuliza pia kama anavuta sigara, kwa sababu tumbaku ni miongoni mwa mambo yanayojulikana zaidi kuzuia fusheni isishike. Waliuliza kuhusu kisukari. Lakini hakuna aliyeuliza atarudije Arua. Barabara ile ni ndefu, inavuka Nile pale Karuma, na mabasi mengi husafiri usiku yakiruka matuta; mgonjwa mwenye skrubu mpya mgongoni anahitaji kuambiwa ni lini anaweza kupanda basi, akae kiti gani na asimame wapi kunyoosha miguu. Tuliuliza sisi, ndipo tukaambiwa asubiri Kampala mpaka nyuzi zitolewe, kisha asafiri kwa gari dogo linaloweza kusimama mara kwa mara. Kliniki inayotibu watu wa mikoani ingekuwa na jibu hilo tayari kwenye karatasi ya ruhusa.

Walimweleza pia, bila kumficha, kwamba kiungo kimoja kikigandishwa, vile vya juu na chini yake hubeba kazi zaidi, na kwamba baadhi ya wagonjwa hurudi baada ya miaka wakiwa na tatizo kwenye pingili ya jirani. Nimeona vituo ambavyo matangazo yake hayagusi jambo hilo hata kidogo.

Kwa yeyote ambaye picha zake zinaonyesha pingili inayoyumba, mgongo uliovunjika katika ajali ya bodaboda na kukosa uthabiti, au mtoto anayezidi kupinda, ningeipendekeza huduma ya daktari huyu bila kusita. Kwa mwenye maumivu ya kiuno peke yake, bila kuyumba na bila mbano, ningemshauri amalize kwanza fiziotherapia ya kweli, na daktari huyo huyo aliwaambia hivyo watu wawili waliokuwa kwenye foleni pamoja nasi.

Mwisho ni suala la bei. Makadirio yalijumuisha chumba, vyuma, nusu kaputi na eksirei ya baada ya upasuaji, lakini hayakujumuisha picha za miezi ya baadaye, wala CT skani ambayo huenda ikahitajika baada ya mwaka kama eksirei haitaonyesha wazi kwamba mfupa umeota. Picha hizo ndizo zitakazosema kama fusheni imepatikana au la, kwa hiyo ulizia bei yake kabla ya kusaini, na utake iandikwe kwenye karatasi hiyo hiyo ya makadirio.